Mdogo wangu, acha pantoni lipite

Mdogo wangu,

Video yako ya Ziwa Victoria pale Mwanza nimeitazama. Droni imezunguka Jiwe la Bismarck, ule mwamba wa ziwani, ikakimbilia gati la pantoni la Kamanga, muziki ukidunda, na yote yakaisha kabla sijakaa vizuri. Harusi zipige hivyo hivyo, bwana harusi kalipa na ana haraka ya kuwarushia ndugu. Ziwa halijakulipa.

Kuna mzee wa Kimarekani, mtengeneza filamu, James Benning, nataka umfahamu. Mwaka 2004 alitoa filamu ya 13 Lakes: maziwa 13 ya kwao, kila moja shoti ya dakika 10. Kamera iko kwenye stendi, haiguswi. Nusu maji, nusu anga, wala hakuna msimulizi. Mwanzoni utamtukana, nakuambia mapema. Ukivumilia, jicho linaanza kazi lenyewe: unaona upepo unavyogusa maji upande mmoja kabla ya mwingine. Dakika 10 sawasawa kwa kila ziwa naona ni ukaidi, lakini huyu alisoma hesabu, tumsamehe.

Filamu yake ninayoipenda zaidi ni RR, ya mwaka 2007, ya treni. Pale si yeye anayeamua urefu wa shoti. Treni inaingia kwenye fremu, inapita, behewa la mwisho likitoka ndipo anakata. Treni ikiwa ndefu, na wewe utasubiri.

Hilo ndilo nataka uibe. Nenda Kamanga, funga stendi, lisubiri pantoni likiwa bado kidoti upande wa Sengerema mpaka liguse gati, lango lishuke, pikipiki zitangulie kama kawaida yao, na abiria wa mwisho apande ngazi na kuku wake. Hapo kata. Au shuka mwaloni siku za giza, dagaa wanapovuliwa kwa taa. Mbalamwezi ikiwaka wavuvi wanapumzika, kwa hiyo tarehe utapangiwa na mwezi, si na mteja.

Na lile Jiwe la Bismarck ulilolipita mbio! Miamba ya Mwanza ina zaidi ya miaka bilioni 2. Ziwa ni mtoto mbele yake: miaka kama elfu 15 iliyopita lilikauka, likajaa upya. Tuliza kamera pale. Jiwe halitafanya lolote, na ndiyo maana utaanza kuona maji yanafanya nini, magugu maji yakisukumwa na upepo wa mchana.

Pantoni la Kigongo na Busisi tumelichelewa. Daraja la kilomita 3 limefunguliwa Juni 2025, na ile foleni ya Kigongo imekwenda. Silalamiki, mgonjwa anayekimbizwa hospitali ya Bugando hasubiri tena pantoni. Ila kusubiri kule, mwanzo hadi mwisho, sijaona mtu aliyekurekodi.

Stendi yangu iko kwa mama, kaichukue. Sauti chukua ya pale pale. Na mtu akikuuliza mbona kamera yako haitembei, mwambie kuna mgeni unamsubiri, yuko kwenye pantoni.

Kaka yako