Ami katupa nyumba tushutie filamu, hajui yeye ndo adui

Assalam aleykum bi mshauri na wasomaji wote,

Mimi ni Mbarawa, naishi Columbus, Ohio, kazi yangu ni kuongoza filamu na sai niko Mombasa, Kibokoni, tunajitayarisha kushuti. Ni filamu yangu ya kwanza ndefu na mambo yake ni ya utotoni kwangu mwenyewe. Serikali ya Siad Barre kule Somalia ilipoanguka 1991 nilikuwa na miaka saba, tukapanda jahazi kutoka Barawa, mamangu na sisi watoto watatu, kutapika njia nzima.

Tukafikia hapa Mombasa kwa ami yangu, alikuwa na duka la makubadhi. Tukalala siku mbili, ya tatu akatupakia kwa gari akatupeleka kambi ya wakimbizi ya Utange, akatuacha na mkeka na sufuria. Nakumbuka alivyoufunga mlango wa gari bila kugeuka. Basi mlango huo nimekaa nao miaka yote hii, ndo nikaandika skripti, na ami ndani yake ndiye adui, tena ile sini ya mlango ndo iliyofanya wenye pesa wakubali kutoa.

Sasa ami ni mzee, macho hayaoni vizuri, na aliposikia natafuta nyumba ya zamani ya kushutia akasema hii yangu yatosha mwanangu, habari ya kodi hataki hata kuisikia, na kila asubuhi vijana wangu wa kamera waletewa mahamri na mbaazi. Juzi akaniuliza, "na mimi nimo?" Nikamwambia umo ami. Wallahi alifurahi, akaenda kutoa kofia yake ya vito ifuliwe.

Halafu mkewe ndo kanimaliza. Alikuwa akikuna nazi tu, hata hanilaumu, akasema siku zile vyumba viwili hivi mlikuwa watu kumi na tisa, polisi wapita usiku kusaka wasio na karatasi, na asoandikishwa kambini hapati posho wala haitwi mahojiano ya kwenda Marekani. Yaani bila ule mlango Columbus ningeisikia tu. Nampigia mamangu, mbona hukuniambia? Asema hukuuliza, ulikuwa waandika tu.

Skripti ajenti ashaipeleka bodi ya filamu kwa leseni, na prodyusa hataki iguswe, asema mtoto wa miaka saba aliona alichoona na filamu ni ya mtoto yule. Ana haki kidogo, maana kuumia niliumia kweli. Lakini ami nitamketisha vipi mbele ya skrini, na kofia yake, ajione?

Niibadilishe sini, au nihame nikalipie nyumba nyingine? Mamangu asema nimsomee ami skripti yote kabla kamera haijawashwa. Naogopa, na akisema sawa endelea ndo nitaogopa zaidi. Nijibuni mapema tafadhali, vyombo vyafika alhamisi.

Mbarawa, Kibokoni