Risala ya Klabu ya Filamu kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Kumkumbuka Larisa Shepitko

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mheshimiwa Diwani, Mwalimu Mkuu mwenyeji wetu, wazee, wazazi na wanachama wenzetu, itifaki imezingatiwa.

Tunamshukuru Mwenyezi Mungu kwa kutukutanisha, na tunakushukuru wewe, Mheshimiwa, kwa kuja. Tunajua leo ulikuwa na mialiko mingine miwili, na yote ina chakula kuliko huu wetu.

Klabu ilianza na wanachama 7, sasa tuko 41. Tunathubutu kusema ndiyo klabu inayoongoza katika tarafa hii kwa kuonyesha filamu za zamani, ingawa ni kweli hatujasikia nyingine.

Mwaka huu tunamuenzi Larisa Shepitko, mwongozaji wa filamu wa Kisovieti. Alizaliwa 1938 huko Artemovsk, Ukraine, mji ambao leo unaitwa Bakhmut. Akiwa binti mdogo akaingia VGIK, chuo cha filamu cha Moscow, ambako baadaye alisoma pia Souleymane Cissé wa Mali. Filamu yake ya kuhitimu, Joto, aliipiga Kirgizia kwenye jua la kuyeyusha mkanda ndani ya kamera. Akaugua homa ya ini, akaendelea kuongoza akiwa juu ya machela. Mengine tunayapita kwa ajili ya muda.

Ila hii hatuwezi kuipita. Mwaka 1967 alitengeneza Nchi ya Umeme: fundi kijana anafika kijiji kilichokaushwa na ukame, na injini ya pikipiki inatumika kuzalisha umeme ili maji yavutwe. Wakubwa wakaifungia kabatini miaka ishirini. Larisa hakuishi kuiona ikitoka.

Mheshimiwa, makabati ya namna hiyo tunayafahamu. Mwaka juzi, mgeni rasmi aliyekalia kiti hichohicho alituahidi jenereta. Akina mama walipiga vigelegele. Mwaka jana akaja mwingine, akatuambia suala liko kwenye mchakato, akaongeza na ahadi ya projekta. Barua zetu tano zote zina mihuri ya kupokelewa, na katibu amekuja nazo. Hata kibanda cha jenereta tulishajenga, kwa michango yetu wenyewe. Kwa sasa wanalala kuku wa mlinzi.

Mwezi Juni tulionyesha Kupaa, filamu iliyompa Larisa tuzo ya Dubu wa Dhahabu mjini Berlin mwaka 1977. Ukutani shuka nyeupe, projekta ya kukodi kwa MC wa harusi. Watu walijaa mpaka madirishani. Sotnikov, mpiganaji wa msituni katika filamu hiyo, ameshavishwa kitanzi, anamtazama mtoto mmoja kwenye umati, na mtoto naye anamtazama. Hapo umeme ukakatika. Tulikaa gizani na mbu saa nzima, na MC alidai hela yake yote. Kesho yake mama muuza maandazi akamuuliza katibu, "Yule kaka walimnyonga, au alipona?" Katibu alishindwa kumsimulia. Alimwambia asubiri jenereta.

Kupaa yenyewe ilikaribia kuzuiwa. Mumewe Larisa, mwongozaji Elem Klimov, alisimulia kwamba iliokolewa na Pyotr Masherov, kiongozi wa chama cha Kikomunisti huko Belarus, ambaye aliwahi kupigana msituni dhidi ya Wajerumani. Aliitazama, akatokwa na machozi, filamu ikapita. Hatukuombi ulie, Mheshimiwa. Saini inatosha.

Larisa alifariki kwa ajali ya gari tarehe 2 Julai 1979, pamoja na wenzake wanne, wakiwa ndiyo kwanza wameanza filamu ya Kuiaga Matyora. Klimov aliishika kazi hiyo akaimaliza. Hakumwambia mtu kwamba iko kwenye mchakato.

Kwa heshima zote, tunaomba jenereta moja ya kilowati tano. Projekta tunaisamehe, ya MC itatufaa. Tumeambatanisha bei za maduka matatu, na ya tatu inajumuisha usafiri. Ukitaja na tarehe ya kuileta, tutakushukuru mara mbili.

Kuku watahamishwa siku hiyohiyo.

Tunaomba kuwasilisha.