Barua ya wazi kwa Waziri wa Sheria: Kalamu isifute bila kuacha alama

Mheshimiwa Waziri,

Mimi ni karani wa masjala ya mahakama. Kwa miaka 19 nimekuwa nikipokea majalada, nikigonga mihuri na kuwaelekeza watu wasio na mawakili. Nakuandikia kuhusu ile Kalamu inayoandika yenyewe, ambayo ofisi yako imeipa kazi ya kuandika sheria zetu, sheria ambazo sasa zinajibadilisha zenyewe.

Kuna mama mmoja alishindwa kesi ya mpaka wa shamba. Akaja dirishani kwangu kuuliza ana muda gani wa kukata rufaa. Nilifungua kitabu mbele yake tukasoma wote wawili: siku 30. Nikamwandikia kwenye kipande cha karatasi asije akasahau. Alirudi siku ya 21, rufaa imeandikwa vizuri, ada ameshalipa. Nilipofungua kitabu kile kile, ukurasa ule ule, kifungu kilisomeka siku 14. Nikapitisha kidole juu ya tarakimu zile. Wino ulikuwa mkavu, umepauka sawasawa na maneno ya pembeni yake. Hapakuwa na mkwaruzo, wala mstari wa kukata, wala tarehe.

Rufaa ikatupwa kwa kuletwa nje ya muda. Alipotoa ile karatasi yangu, hakimu akasema karani alikosea. Ningejitetea kwa lipi? Ushahidi pekee niliokuwa nao ni sheria yenyewe, nayo ilikuwa imeshajigeuza. Mama hakunilaumu. Alikunja karatasi mara nne, akaitia mkobani, akaondoka.

Sisemi Kalamu haina mema yake. Kulikuwa na kifungu kilichomruhusu mwenye nyumba kumtoa mpangaji nje usiku wa manane, pamoja na watoto. Tulikilalamikia miaka mingi bila kusikilizwa. Asubuhi moja tukakuta Kalamu imekiondoa, na siku hiyo nilifurahi kweli. Najua pia wataalamu wako wanasema miswada huchelewa ilhali maisha hayasubiri. Ni kweli. Lakini muswada ukichelewa, angalau najua umekwama kwa nani.

Mfalme Hammurabi wa Babeli, yapata miaka 3,700 iliyopita, aliamuru sheria zake zichongwe kwenye nguzo ya jiwe yenye urefu unaozidi mita 2. Nguzo hiyo ilifukuliwa Susa, Iran, mwaka 1901, na leo iko kwenye makumbusho ya Louvre, Paris. Mwishoni mwa maandishi yale mfalme anamwita aliyedhulumiwa aje mbele ya jiwe, asomewe, aijue haki yake. Kisha anamwapiza yeyote atakayethubutu kuyageuza maneno. Zilikuwa sheria kali mno, nisingependa kuhukumiwa nazo. Ila mdhulumiwa aliyekwenda kwenye jiwe lile leo na kesho alikuta maneno yale yale. Mama yule hakuwa na jiwe la kuliendea.

Wala siombi sheria zigande. Katiba ya Marekani ilifanyiwa marekebisho ya 18 mwaka 1919, yakapiga marufuku pombe; mwaka 1933 yakaja ya 21 kuyafuta. Hadi leo yote mawili yanasomeka, kosa na masahihisho yake, kila moja na mwaka wake. Hivyo ndivyo sheria inavyobadilika bila kumfanya mwananchi aonekane mwongo. Nalo Azimio la Ulimwengu la Haki za Binadamu la mwaka 1948, ibara ya 11, linakataza mtu kupewa adhabu nzito kuliko ile iliyokuwepo siku alipotenda kosa. Sasa niambie, Mheshimiwa, hakimu ataijuaje adhabu ya siku ile ikiwa kitabu hakikumbuki jana yake?

Tangu siku ile, kila asubuhi kabla dirisha halijafunguliwa, nanakili kwa mkono vifungu vinavyoulizwa zaidi. Naandika tarehe na saa, na mwenzangu anatia saini. Kifungu cha rufaa pekee nimeshakikuta na sura nne: 14, 21, 10, kisha 14 tena. Hakuna aliyetangaza hata moja. Nimeuliza ngazi zote zilizo juu yangu ni nani aliyeamua 10, na kila mmoja amenijibu, "Kalamu." Kalamu haiitwi bungeni kujieleza, haisimami kizimbani, na haipigiwi kura.

Ninachoomba ni hiki. Kalamu ikibadili neno, neno la zamani libaki likisomeka, na tarehe ya badiliko iandikwe pembeni. Badiliko lisianze kutumika mpaka mtu mwenye jina na cheo alitie saini na litangazwe kwenye gazeti rasmi la serikali. Na aliyeanza shauri chini ya maneno fulani alimalize chini ya maneno hayo hayo. Ikiwa Kalamu haiwezi kuandika kwa masharti hayo, basi ifungiwe sandukuni mpaka tujue la kuifanya.

Daftari langu liko masjala, rafu ya chini kushoto. Tuma mtu alisome. Na rufaa ya mama yule ifunguliwe upya, maana alikuja siku ya 21 akiwa ndani ya muda tuliousoma pamoja. Nipo tayari kuapa mbele ya hakimu yeyote.

Wako katika utumishi,
Karani wa masjala