Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka wa Chama cha Wasomaji: Mwaka wa Riwaya za Vita vya Hispania

Ndugu Makamu Mwenyekiti, Katibu, Mweka Hazina na ndugu wanachama mliofika,

Assalaam aleikum. Bwana Yesu asifiwe. Habari za asubuhi.

Nianze na yale mnayoyajua. Tumekutana mara 10, Jumamosi ya kwanza ya kila mwezi isipokuwa Agosti na Desemba. Katibu Msaidizi alichaguliwa Januari. Kabati la vitabu limewekewa kufuli. Wenzetu wawili walifiwa, na rambirambi zilipelekwa kwa wakati. Mengine yamo katika mihtasari ya Katibu na sitayarudia, kwa sababu najua jambo lililowaleta wengi wenu hapa leo.

Uamuzi wa Aprili

Mkutano mkuu uliopita uliazimia tusome riwaya nne za kihistoria kuhusu familia za Hispania katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya 1936 hadi 1939, kati ya serikali ya Jamhuri na wanajeshi waasi walioongozwa na Jenerali Franco. Tumesoma moja. Ni ile ya Isabel Allende, inayoifuata familia ya Dalmau kutoka Barcelona mpaka Chile, na tumeisoma kwa tafsiri ya Kiingereza. Aprili tulikuwa tumefika sura ya nne. Kamati ikasimamisha usomaji kwa vikao viwili ili tutengeneze chati ya ukoo, kalenda na ramani, kisha kitabu kikaanzwa upya kutoka ukurasa wa kwanza. Kamati ndiyo iliyopitisha, lakini wazo lilikuwa langu, na lawama zake sitamtwika mtu mwingine.

Yamesemwa maneno mengi: kwamba mwenyekiti amegeuza chama kuwa darasa la historia, na kwamba ada ililipwa kwa vitabu vinne kikapatikana kimoja. Naomba mnisikilize.

Kikao cha Machi kilikwisha bila sura hata moja kujadiliwa. Saa mbili nzima tulibishana kama Roser Bruguera ni mke wa Guillem au wa Víctor, ndugu wawili wa ukoo wa Dalmau, na mbona haitwi Dalmau. Swali hilo jibu lake si maoni. Mwanamke wa Hispania haachi jina la kwao anapoolewa. Kwa desturi mtoto hubeba majina mawili ya ukoo, la kwanza la baba na la pili la mama. Asiyelijua hilo atamwona mama na mwanawe kama watu wa nyumba mbili, na kila sura itaongeza wageni ambao kumbe ni ndugu.

Hapo ndipo Kiswahili chetu kilipotusaidia kuliko nilivyotegemea. Kiingereza kina anko tu. Sisi tunataka kujua ni mjomba, baba mdogo au baba mkubwa, kwa kuwa kila mmoja ana haki zake na wajibu wake kwa mtoto. Kwa majina mawili jibu linapatikana. Mtoto akiwa Ana García López, anko mwenye García kama jina la kwanza ni wa upande wa baba. Mwenye López kama jina la kwanza ni mjomba. Asiye na lolote kati ya hayo, uwezekano mkubwa ni mume wa shangazi au wa mama mdogo. Vivyo hivyo kwa wifi na shemeji, ambao tafsiri ya Kiingereza inawatupa wote katika neno moja. Chati yetu iliandikwa kwa Kiswahili kwa sababu hiyo, na naona ndiyo kazi bora ambayo chama hiki kimefanya tangu kianzishwe.

Majina ya mkato nayo yalituvuruga. Paco ni Francisco, Pepe ni José, Lola ni Dolores, Concha ni Concepción, Charo ni Rosario. Katika rasimu ya kwanza ya orodha tuliyoandaa kwa ajili ya riwaya zijazo, Paco na Francisco waliandikwa kama kaka wawili. Kisha kuna lugha mbili za Barcelona: Roser wa Kikatalani ndiye Rosario wa Kihispania, Guillem ndiye Guillermo, Jordi ndiye Jorge. Mwaka 1938 serikali ya Franco ilikataza watoto kuandikishwa kwa majina ya Kikatalani au Kibaski. Kwa hiyo mtu akibadilika jina katikati ya riwaya, msikimbilie kudhani mwandishi amekosea. Tazameni tarehe.

Kuhusu utengenezaji wa chati, naeleza hatua kwa sababu nimeambiwa fedha zilitupwa. Rasimu ya kwanza ilikuwa kwenye karatasi ya A4 kwa kalamu ya wino. Iliharibika wiki hiyohiyo, maana vita vinahamisha watu na vinawaua, na wino haufutiki. Ya pili tuliiandika kwa penseli kwenye karatasi mbili za bango kitita zilizounganishwa kwa gundi, kila mtu akiwa na mistari mitatu: majina yote mawili ya ukoo, mwaka wa kuzaliwa, na mji aliokuwamo tarehe 18 Julai 1936. Mstari wa tatu ndio wenye uzito. Uasi ulianza Melilla, mji wa Hispania ulio pwani ya Afrika Kaskazini, tarehe 17, kesho yake ukaingia Hispania bara. Madrid, Barcelona, Valencia na Bilbao zikabaki kwa Jamhuri. Sevilla, Zaragoza, Burgos na Pamplona zikawa za waasi. Kijana wa umri wa jeshi aliandikishwa na upande ulioshika mji wake, awe ameupenda au la.

Kosa tulilofanya hapa ni kuwapaka watu rangi, nyekundu kwa Jamhuri na buluu kwa Franco. Baada ya sura chache hatukuwa na la kufanya na mtu mwenye moyo wa upande mmoja na sare ya upande mwingine. Tukafuta, tukapaka miji badala ya watu, na mambo yakanyooka. Anayedhani huo ni ujanja wa riwaya awatazame washairi Manuel na Antonio Machado, ndugu wa tumbo moja walioandika tamthilia pamoja. Uasi ulipoanza Manuel alikuwa Burgos na mkewe, Antonio alikuwa Madrid. Manuel akaishia kumsifu Franco kwa mashairi. Antonio alikimbilia Ufaransa na mama yao mzee, akafariki Collioure tarehe 22 Februari 1939, na mama akamfuata siku tatu baadaye. Manuel alipofika alikuta makaburi mawili. Nilisoma habari hiyo kwenye kikao cha Mei mbele ya watu 11. Nasikitika wengine 25 hawakuisikia.

Kalenda ilikuwa na tarehe 20 tu, na kila moja imewekwa kwa kuwa inafungua kitu ndani ya kitabu. Tarehe 15 Aprili 1938 jeshi la Franco lilifika baharini Vinaròs, likaikata Jamhuri vipande viwili; ndugu wa Valencia na wa Barcelona hawakuweza tena kutembeleana kwa nchi kavu. Barcelona ilianguka tarehe 26 Januari 1939. Ufaransa ilifungua mpaka kwa raia tarehe 28, na kwa askari tarehe 5 Februari. Hizo siku nane ndizo zinazoeleza kwa nini katika riwaya za aina hii wanawake na watoto wanavuka peke yao, na wanaume wanatafutana nao kambi kwa kambi. Kambi ya Argelès-sur-Mer, huko Ufaransa, mwanzoni ilikuwa mchanga wa pwani uliozungushiwa seng'enge, bila hata vibanda, katikati ya baridi. Hapo ndipo mtaelewa uzito wa hospitali ya wazazi ya Elne, alikokuwa Mswisi Elisabeth Eidenbenz, ambako karibu watoto 600 walizaliwa kati ya 1939 na 1944. Na meli ya Winnipeg, iliyoandaliwa na mshairi wa Chile Pablo Neruda, iliondoka Ufaransa tarehe 4 Agosti 1939 na wakimbizi zaidi ya 2,000. Waliposhuka Valparaíso, Chile, tarehe 3 Septemba, Uingereza na Ufaransa zilikuwa zinatangaza vita dhidi ya Ujerumani siku hiyohiyo. Msomaji asiye na kalenda anaipita sura hiyo kama safari ya kawaida ya baharini.

Neno moja lilikula nusu ya kikao: quinta. Tuliona "quinta ya 1941" katika maelezo ya mwaka 1938, baadhi wakasema kitabu kimekosewa uchapaji. Quinta ni rika la kuandikishwa jeshini, na huitwa kwa mwaka ambao vijana wake wanatimiza miaka 21. Toa 21 na utapata mwaka wa kuzaliwa. Rika la 1941 ni waliozaliwa 1920, walioitwa mwaka 1938 wakiwa na miaka 17 au 18, ndiyo maana wakaitwa rika la chupa ya kunyonyea. Wengi wao walipelekwa mto Ebro, kwenye mapigano yaliyodumu kuanzia Julai hadi Novemba mwaka huo.

Pia tuliandaa ukurasa mmoja wa sheria, kwa sababu familia haivunjwi na mabomu peke yake. Noti za Jamhuri zilizotolewa baada ya 18 Julai 1936 hazikutambuliwa na upande wa Franco, hivyo bibi mwenye mkebe wa akiba aliamka akiwa na makaratasi. Sheria ya ndoa za kiserikali ya mwaka 1932 ilifutwa 1938, na ya talaka ikafutwa 1939. Aliyeachwa kwa sheria ya Jamhuri na kuoa tena angeweza kujikuta amerudishwa kwa mke wa kwanza, na watoto wa ndoa ya pili wakaitwa wa nje.

Mwanachama mmoja mkongwe alilalamika kwamba chati inafichua nani atakufa. Hoja yake ilikuwa ya haki na niliifanyia kazi: kuanzia Juni chati iliyogawiwa inaishia Julai 1936, na mengine kila msomaji anajaza mwenyewe.

Matunda yalionekana. Kikao cha Juni, kwa watu tisa tu, kilijadili kama Víctor kumwoa Roser, aliyekuwa mchumba wa Guillem, marehemu mdogo wake, na mama wa mtoto wa marehemu huyo, ni kurithi mjane kama tunavyokujua. Hoja zilikuwa nzito pande zote. Mimi nilisimama, na bado nasimama, na wanaosema si sawa: kwetu ukoo unakaa na kuamua, na mwanamke anakuta limeamuliwa. Roser na Víctor walikuwa hawana ukoo wa kuwaamulia. Walitaka nafasi katika meli ya Winnipeg, na walikubaliana wawili. Mjadala ule usingewezekana mwezi Machi, tulipokuwa hatujui hata mtoto ni wa nani.

Mahudhurio

Inasemwa chati ndiyo iliyowakimbiza watu. Takwimu zinakataa. Februari tulikuwa 24, Machi 19, Aprili 15, Mei 11, Juni 9, Julai 7, Septemba 17. Kushuka kulianza Machi, kabla ya chati, na tulipanda baada ya kuanza upya. Chanzo ni nakala. Tulinunua nakala 8 kwa wanachama 36, tukapanga zamu ya wiki tatu kwa kila mtu. Zamu hiyo inadai kila mtu arudishe siku yake. Mmoja akikaa na kitabu miezi miwili, watatu nyuma yake wanakuja kikaoni hawajasoma, na mara ya pili hawaji kabisa. Nimeliandika hili kwenye kundi la WhatsApp mara nyingi, nikajibiwa kwa alama ya dole gumba. Vikao vitatu havikutimiza akidi ya 12. Wanaopinga maamuzi ya kamati wengi hawakuwapo yalipojadiliwa, na hilo linaniuma.

Fedha

Salio la mwaka juzi lilikuwa shilingi 52,000. Ada ni 30,000 kwa mwaka. Waliolipa yote ni 19, waliolipa kidogo 5, wasiolipa chochote 12. Makusanyo ni 640,000. Deni kwa wanachama ni 440,000. Matumizi: nakala 304,000, ukumbi 200,000, bango kitita, ramani na fotokopi 96,000, chai na maji 61,000, jumla 661,000. Salio ni 31,000. Hiyo 96,000 ndiyo inayopigiwa kelele. Deni lingelipwa, riwaya ya pili tungekuwa nayo tangu Juni, na chati yake isingehitaji gharama nyingine kubwa kwa kuwa kalenda, ramani na ukurasa wa sheria ni vilevile.

Mwaka ujao

Tunatarajia kuendelea na riwaya ya pili, ikiwezekana ya familia ya kijijini iliyobaki Hispania baada ya 1939, wakati wa kadi za mgao wa chakula zilizodumu hadi 1952. Tunatumaini kupata nakala zaidi, pengine kwa msaada wa marafiki walio nje. Kuna wazo la kuwa na ukumbi wetu, na lingine la kualika mtu anayejua Kihispania atusaidie matamshi. Yote yatategemea hali ya fedha.

Nawashukuru Katibu, kwa kuandika chati upya mara tatu, na Mweka Hazina kwa uvumilivu wake.

Nakala namba 3 na namba 6 hazijarudi tangu Oktoba. Walio nazo wazikabidhi kwa Katibu leo, kabla ya chai.

Mwenyekiti