Usiiache tiketi, wala usimkatae hausigeli

Mikindani, Mtwara
Novemba

Somo yangu mpenzi,

Salaam nyingi. Huku sote wazima, joto tu limezidi na mvua bado. Jana alasiri mama yako alikuja barazani kwangu, hata chai hakuitaka. Akaniambia umepata nafasi kwenye tamthilia ya vichekesho huko Dar, na nafasi yenyewe ni ya hausigeli. La kwanza alilisema kwa furaha, la pili akiangalia chini. Kisha akaongeza kwamba unataka kuacha kibanda cha tiketi Mbagala mwisho wa mwezi huu. Hilo ndilo lililonifanya nishike kalamu.

Ngoja nikusimulie habari za Mmarekani mmoja, Marla Gibbs. Alizaliwa Chicago mwaka 1931. Alipoingia kwenye The Jeffersons, kipindi cha vichekesho cha televisheni ya kwao, mwaka 1975, alikuwa na miaka 43, mama wa watoto watatu, na kazi yake ilikuwa kuwawekea abiria nafasi kwenye shirika la ndege la United. Kazi yako hasa, ila yake ya ndege na yako ya basi.

Kipindi kinamhusu George Jefferson, mtu mweusi aliyetajirika kwa maduka ya kufulia nguo akahamia ghorofani Manhattan. Masteringi ni George, aliyechezwa na Sherman Hemsley, na mkewe Louise, aliyechezwa na Isabel Sanford. Marla alipewa Florence, dada wa kazi. Awali ilikuwa apite mara moja tu, lakini watu walimpenda, akarudishwa, akabaki mpaka kipindi kinafungwa mwaka 1985.

Nimemwona kwenye simu ya mwanangu, akinitafsiria. Kengele ya mlango inalia. Florence yupo, lakini haendi kufungua. Mwisho bosi anakwenda mwenyewe, amefura. Mchezo huo waliurudia miaka na miaka na haukuchosha. Nimelifikiria sana jambo hili, somo. George ana fedha, ana mdomo, anafoka nyumba nzima. Pale panahitajika mtu asiyemwogopa, na utamu unakuja kwa kuwa mtu huyo ndiye anayepokea mshahara wake. Florence anayatoa maneno yaliyomkaa mtazamaji kooni. Steringi hawezi kuyatoa, maana yanamhusu yeye.

Wewe kipaji hicho unacho. Unakumbuka lile igizo la shule ulilopewa ubibi wa kisimani? Ulisema maneno mawili tu, lakini ulipoyasema ukiwa umeinama na ndoo kichwani, mwalimu mkuu alitoa leso kufuta machozi ya kicheko. Aliyekuwa malkia siku ile simkumbuki.

Sasa suala la kibanda. Marla alikaa kama miaka miwili akifanya kazi zote mbili. Nchi nzima inamwona kwenye televisheni, naye bado anawawekea watu safari. Mimi simwoni mwoga hapo. Watoto walikuwa wanakula, na kipindi hufungwa siku wenye televisheni wanapoamua. The Jeffersons yenyewe, pamoja na ukubwa wake wote, ilikatwa bila hata kipindi cha kuagana. Kabla ya hapo, mwaka 1981, Marla alitengenezewa kipindi chake mwenyewe, kikaonyeshwa mara nne tu kikafa. Lakini alikuwa ameshapatana nao kwamba kikifeli atarudi kwa Florence, na akarudi. Sisi wa huku tunalijua hili bila kufundishwa: nani anachukua mkopo wa bati kwa korosho ambazo bado ni maua? Omba ruhusa, badilishana zamu, fanya kila njia, lakini usiache kibanda mpaka malipo ya kurekodi yameingia mkononi mara kadhaa, si kwa ahadi.

Tuzo ya Emmy, ile kubwa ya televisheni ya Marekani, ya mwigizaji msaidizi wa kike kwenye vichekesho, walimpendekeza mara tano, asipewe hata mara moja. Baada ya Florence akawa steringi wa kipindi cha 227, na mwaka 1987 tuzo ile ile akaipata Jackée Harry, mwigizaji msaidizi kwenye kipindi hicho hicho. Habari hii inanigusa kila nikiikumbuka. Marla mwenyewe nyota yake iliwekwa kwenye njia ya waigizaji kule Hollywood mwaka 2021, akiwa na miaka 90.

Nirudi kwa mama. Unajua alifanya kazi za ndani Upanga kabla hujazaliwa. Nadhani haogopi watu wakucheke wewe, anaogopa wamcheke yeye. Basi nikamuuliza: mwenye nyumba wako alipokuwa akikufokea, moyoni ulikuwa unamjibu nini? Alinyamaza kitambo. Kisha akaanza kunieleza, moja baada ya jingine, na ile sauti ya mwenye nyumba akaiiga, shingo na mikono pia. Tulicheka mpaka adhana ya magharibi. Chai aliyoikataa akaiomba, na ming'oko akala.

Mpigie kabla hujaanza kurekodi, umwambie akurudie yale majibu, uyaandike. Na utuambie ni siku gani na kituo gani. Alipokuwa anavaa kandambili aliniuliza kama king'amuzi changu kinakipata.

Ni mimi somo yako,
wa Mikindani