Barua kwa mwanangu anayetafuta dada wa kazi

Mafinga, 14 Julai 2024

Mwanangu mpenzi,

Salamu nyingi kutoka huku kwenye baridi. Ujumbe wako nimeupata, na ule wa pili wa kuuliza kama wa kwanza umefika. Nimeona nikuandikie barua, kwa sababu kwenye simu unanijibu "sawa mama" huku unakoroga uji, na jambo hili silitakii "sawa mama".

Unataka nikutafutie binti wa kazi. Siku zako 84 za likizo ya uzazi zinakwisha na ofisini wanakuhesabia. Umesema awe wa miaka kumi na sita au kumi na saba, kwa sababu wakubwa "wanajua sana". Alale hapohapo. Utampa elfu hamsini, kula na kulala juu yako. Halafu ukamalizia: "Atakuwa kama mdogo wangu tu, mama."

Binti yupo. Ana miaka kumi na tisa, si kumi na sita, na anaishi na bibi yake kijijini upande wa Sao Hill, hapahapa Mufindi. Mkoa wetu unaujua: Iringa na jirani zetu Njombe ndio tunaoongoza nchi nzima kwa maambukizi ya UKIMWI, na hakuna kijiji kisicho na nyumba ambayo bibi ndiye baba, ndiye mama. Amesoma shule ya kata mpaka kidato cha nne akapata sifuri. Ada hakudaiwa, maana iliondolewa tangu 2016. Lakini miaka saba alisoma kwa Kiswahili, kisha akaingia kidato cha kwanza akakuta karibu masomo yote ni kwa Kiingereza, na mwalimu mwenyewe akilitafuta neno juu ya dari. Wewe umeshaanza kuniambia habari za shule za English medium na mtoto hajaota hata jino. Sikulaumu, kila mzazi anapigania wake. Ila binti huyu atamlea mjukuu wangu mpaka avuke palepale yeye alipokwama, na hilo nataka ulijue kabla hajafika.

Unajua nilifanya kazi Oysterbay kabla hujazaliwa. Huwa nawasimulia yale ya kuchekesha. Leo nikupe mengine.

Nyumba ile ilijengwa na Wazungu. Dar es Salaam ya mkoloni ilipangwa kwa rangi: Oysterbay yao, Uhindini na Upanga kwa Wahindi, Kariakoo na Ilala kwetu, na pale Mnazi Mmoja wakaacha uwanja mtupu ili watu wasisogeleane. Nyuma ya kila nyumba kubwa kilikuwepo kibanda cha mtumishi. Uhuru ulipokuja wenye nyumba wakabadilika, kibanda kikabaki, na mimi nikalala humo. Baba mwenye nyumba alikuwa kigogo wa shirika la umma. Azimio la Arusha la 1967 lilimkataza kiongozi kuwa na nyumba ya kupangisha wala mishahara miwili. Mwaka 1991 chama tawala kikakutana Zanzibar kikayalegeza masharti hayo, na mzee yule hakulaza damu: nyumba ya Sinza ikapata mpangaji, ya Mikocheni ikafuata. Niliyasikia yote mezani. Anayepakua chakula watu humsahau.

Wala hawakuwa watu wabaya. Hawakunipiga, hawakuninyima chakula, na wageni wakija niliambiwa mimi ni mtoto wa nyumba hii. Sasa sikiliza mtoto wa nyumba anavyoishi. Mshahara wangu ulitunzwa na mama mwenye nyumba "usije ukapotea", na kila nilipouomba nilijiona kama namdai mzazi wangu. Niliamka kabla ya wote, nikalala baada ya mgeni wa mwisho, na kwa kuwa nilikuwa wa nyumbani, saa za kazi hazikuwepo. Alinipa gauni lake kuukuu, zuri kweli, na baada ya gauni lile ningeanzaje kuuliza fedha ya miezi iliyopita? Siku nilipokosana na binti yao, umri wangu uleule, nikakumbushwa nilikotoka. Undugu ule ulikuwa kama vyombo vyao vya wageni: hutolewa siku moja, hurudishwa kabatini, na ufunguo anao mwenye nyumba.

Cherehani nilijifunza kwa fedha ya mama yule, sifichi. Cherehani hiyo ndiyo iliyokusomesha. Lakini nilijifunza kwa sababu moyo wake ulipenda. Usingependa, nisingekuwa na mahali pa kwenda kusema nadai.

Shuleni sisi tulikariri kwamba binadamu wote ni ndugu zangu, na mpaka leo naamini hivyo. Ndani ya nyumba yako, hata hivyo, usimfanye huyu binti ndugu. Mfanye mfanyakazi. Ndugu hana mkataba, hana siku ya kupumzika, hana pa kushitaki. Mfanyakazi anavyo vyote hivyo, kwa sheria ileile inayokulinda wewe ofisini.

Na sheria yenyewe hapa haikukaa vizuri, usidhani naisifu. Amri ya kima cha chini cha mshahara ya 2022, iliyoanza kutumika Januari 2023, iliwapanga wafanyakazi wa majumbani kwa hadhi ya mabosi wao. Aliyekuwa kwa balozi au mfanyabiashara mkubwa aliwekewa shilingi 250,000 kwa mwezi. Kwa ofisa mwenye stahili ya mtumishi, 200,000. Kwa watu kama wewe ilikuwa 120,000 asiyelala kwako, na 60,000 anayelala. Mwaka huohuo wa 2022 kima cha chini cha mtumishi wa serikali kilipandishwa kikawa 370,000. Nepi za mtoto wa balozi zinanuka sawa na za mjukuu wangu. Ila aliyeandika amri ile aliona kazi moja ina bei nne, kutegemea nani anafuliwa. Na hiyo elfu hamsini yako, mama, haifiki hata ngazi ya chini kabisa ya amri ile.

Najua utakachojibu: mama, mimi si tajiri. Kweli si tajiri. Mshahara wako unakatwa kodi, bodi ya mikopo wanachukua asilimia 15 hujaushika, na mwenye nyumba anataka ya miezi sita kwa mpigo. Ofisi yako haina chumba cha kulelea watoto na haina mpango. Kila aliye juu yako amekuteremshia mzigo wake kidogo, na wewe huna wa kumteremshia ila binti wa Mufindi. Yeye hana wa chini. Wake ni kuubeba. Ndiyo maana watu wenye vyeti, wanaoumia mwisho wa mwezi, wanaolalamikia mabosi wao siku nzima, jioni ndio wanaolipa elfu hamsini na kuandika kwenye magrupu ya WhatsApp kwamba mabinti wa siku hizi hawana shukrani. Mtu haoni yuko ngazi ya ngapi akiwa anatazama juu tu.

Basi nakueleza nilivyokubaliana na bibi yake, kwa niaba yako. Atalipwa 120,000 hata akilala kwako. Fedha iingie kwenye simu yake, laini iliyosajiliwa kwa namba yake ya NIDA, yaani kitambulisho cha taifa, si kwako "kwa kutunziwa" na si kwangu. Jumapili ni yake yote, na asiulizwe anakwenda wapi, kama wewe usivyoulizwa na meneja wako. Ukirudi kutoka kazini na kuoga, mtoto ni wako; sheria ya ajira ya 2004 imesema saa 45 kwa wiki, na mtoto analia zaidi ya hizo, kwa hiyo wewe na mume wako mgawane zilizobaki. Mkwe wangu nampenda, lakini mikono anayo. Mkataba uandikwe, nakala moja nitampelekea bibi. Likizo yake siku 28 kwa mwaka. Na siku akishika mimba akiwa kwako, kumbuka zile 84 ni zake pia. Wengi hufungiwa begi usiku huohuo wakapandishwa basi.

Anataka kurisiti mtihani wa kidato cha nne. Usimlipie. Atajilipia kwa mshahara wake, wewe mwachie jioni zake na taa.

Halafu habari ya kumwita binti wa kazi "beki tatu". Ana jina, atakutajia mwenyewe. Nikija nikasikia mtu anamwita hivyo mbele ya wageni, nitajibu mimi, na unanijua.

Kama 120,000 haipo, niambie haipo, wala usione haya. Yuko mama mmoja wa hapo mtaani kwenu, yule anayekuuzia mboga, anaweza kuja nusu siku na kurudi kwake kulala. Au nifunge cherehani nije mwenyewe nikae na mjukuu mpaka Desemba, ingawa wateja wangu wa sare za shule watanilaani, na fedha nitakayoikosa nitakudai. Usicheke. Bibi naye ana saa zake.

Akija, atapanda basi la asubuhi. Umpokee wewe mwenyewe stendi ya Magufuli pale Mbezi, usimtumie bodaboda asiyemjua. Bibi yake alitaka kuuza kuku wawili apate nauli, nikamkataza. Nauli ya kuja ni yako, na ya kumrudisha mkiachana ni yako pia; hiyo ya kurudi hata sheria ya ajira imeisema. Itume kwenye namba yangu kabla ya Ijumaa, na ya kutolea uweke.

Mama yako