Msiseme Mafuriko Yaliwavamia

Mhariri,

Nimelisoma gazeti lako miaka mingi bila kukusumbua kwa barua, lakini ile ripoti yenu kuhusu mitaa mipya iliyojaa maji huku kwetu Kajiado imenishinda kunyamazia. Mwandishi wenu alisema maji yaliwavamia wakazi. Akamhoji mwenye nyumba, akamhoji ajenti wa mashamba, akamhoji ofisa mmoja, na wote wakadai hakuna aliyetarajia. Mfugaji hakuulizwa hata mmoja. Angemsimamisha mtoto yeyote anayechunga mbuzi kando ya barabara ya Namanga na kumuuliza pale panaitwaje, angetajiwa jina ambalo lenyewe ni maji.

Kaunti yetu imepewa jina la mto. Olkejuado, mto mrefu kwa Kimaasai, hukauka karibu mwaka mzima, kisha mvua ikinyesha milimani unashuka kwa kishindo na kubeba chochote kilicho njiani. Narok ni Enkare Narok, maji meusi, na Aprili 2015 maji yaliuingia mji ule na kuua watu zaidi ya kumi. Nanyuki ni maji mekundu. Ngong imetokana na chemchemi ya kifaru, Oloitokitok ni chemchemi inayobubujika. Naivasha ni Enaiposha, ziwa lisilotulia, na watu wa mtaa wa Kihoto wamefukuzwa na ziwa hilo zaidi ya mara moja. Hata Nairobi: reli ilipofika mwaka 1899, kambi ilijengwa kwenye tope la kinamasi, mahali ambapo ng'ombe wa Wamaasai walikuwa wakinyweshwa. Jina Enkare Nairobi, maji baridi, likachukuliwa, na onyo lililokuwemo likaachwa. Mei 2024 serikali ikawaamuru watu wa Mathare na Mukuru watoke kandokando ya mito, mita 30 kila upande, na nyumba zao zikabomolewa. Miaka 125 baada ya reli!

Sasa nieleze yaliyotokea mlangoni pangu, maana haya sikuyasikia kwa mtu. Jirani zangu ni mume na mke vijana kutoka Nairobi. Yeye ni dereva wa matatu, mkewe anauza mitumba, na walichukua mkopo wa sacco wakaongezea pesa za chama wakanunua ploti ya futi hamsini kwa mia. Waliletwa Januari, Jumamosi, kwa basi la bure, pamoja na wanunuzi wengine. Ardhi ilikuwa kavu, imepasuka nyufa, vumbi tupu. Kwenye bango palichorwa nyumba ya ghorofa na bustani, na juu yake jina la Kizungu ambalo hakuna mtu wa huku aliyewahi kulisikia. Sisi mahali hapo tunapaita kwa jina linaloanza na enkare, yaani maji, na marehemu mume wangu alikuwa akinywesha ng'ombe hapo baada ya kila mvua za masika. Siku hiyohiyo nilisogea uani nikamwambia ajenti: hapa usiuzie watu, hapa ni pito la maji. Akanijibu mbele ya wanunuzi, "Mama, hayo ni majina ya zamani, sisi tuna ramani." Watu wakaendelea kupiga picha na simu zao. Aprili 2024, usiku, yale maji yakaja kama yajavyo miaka yote ya mvua kubwa. Yule mama alivuka kuja kwangu akiwa amembeba mtoto mabegani, maji yakimfika kiunoni. Choo kilititia. Magodoro yao tuliyaanika juu ya miiba ya mgunga kwa siku kadhaa na hayakukauka. Asubuhi, katika uwanja mzima, kilichokuwa kikionekana juu ya maji ni nguzo za mipaka zenye nambari za rangi nyekundu. Kampuni iliyowauzia ikawaambia ni kazi ya Mungu. Mkopo wanaulipa mpaka leo, kwa ardhi ambayo hawawezi kuilala mvua zikianza, na hakuna anayewarudishia hata shilingi, ilhali mimi mwanamke mzee wa kijijini nilisema neno moja likapuuzwa kwa sababu lilikuwa la Kimaasai.

Hatimiliki yao nimeiona. Imeandikwa Kajiado, halafu Kaputiei Kaskazini, halafu nambari. Kaputiei ni jina la watu, tawi kubwa la Wamaasai, na eneo hilo ni pana mno. Mahali penyewe, pale maji yanapopita, hapakutajwa popote. Tangu mashamba ya pamoja yaliyoundwa kwa sheria ya 1968 yaanze kugawanywa na kuuzwa vipande vipande, kila kipande kinapata nambari na kupoteza jina.

Na tukiwa hapo kwenye mito, niseme la mchanga. Malori yanaingia mitoni usiku, yanachota mpaka mwamba unabaki uchi. Mchanga ule ndio uliokuwa ukituhifadhia maji kiangazi. Mwanamke alikuwa akichimba kwa mikono yake, akisubiri kidogo, anateka. Sasa anachimba anagonga jiwe, anarudi nyumbani kununua maji ya boza kwa mtungi. Nayo mvua ikija, hakuna cha kuyapunguza maji kasi, yanakimbia moja kwa moja hadi kwenye nyumba zilizojengwa kwa mchanga uleule. Kila mtu huku anayajua malori hayo. Kwa nini hayakamatwi?

Kurudisha majina si jambo geni katika nchi hii. Ziwa Rudolf likawa Ziwa Turkana mwaka 1975. Ziwa Hannington likawa Bogoria. Mji wa Thomson's Falls ukawa Nyahururu. Hayo yalikuwa majina ya kubandikwa na wageni, tukayaondoa, tukashangilia. Mikataba ya Waingereza na Wamaasai ya 1904 na 1911 iliwahamisha babu zetu kutoka Naivasha, Nakuru na Laikipia, wakaacha malisho yao, na hata hivyo majina waliyoyaacha bado yanatumika na bado yanasema kweli juu ya ardhi ile. Leo hakuna mkoloni anayetulazimisha. Tunayafuta sisi wenyewe ili ploti iuzike.

Katiba, kifungu cha 7, inaitaka serikali ikuze na kulinda lugha za watu wa Kenya. Basi ianzie hapa. Bunge la kaunti lipitishe kwamba kila bango la kuuza ardhi liwe na jina la mahali kama wenyeji wanavyolitaja, kwa herufi zenye ukubwa sawa na za nambari ya simu ya muuzaji. Mkataba wa mauzo uwe na mstari unaosema maji yanapita wapi mwezi wa Aprili, na chini yake waweke sahihi au dole gumba wazee wawili waliochunga hapo, mwanamume na mwanamke. Nasisitiza mwanamke, kwa sababu wateka maji ni sisi. Kila mmoja alipwe shilingi elfu moja na muuzaji, si na mnunuzi. Na ploti isiuzwe kwa mtu aliyeonyeshwa wakati wa kiangazi peke yake. Aonyeshwe tena mvua zikinyesha, ndipo alipe.

Nawe Mhariri, waandishi wako wakitumwa tena kuandika habari za mafuriko huku, waandike jina la mahali tunalolitumia sisi. Ile ripoti, kuanzia kichwa cha habari hadi maelezo ya picha, ilitumia jina la bango.

Mfugaji,
Isinya, Kajiado